Reguleta Iliyorudi Nje

Wanaokumbuka Land Cruiser za miaka ya 1970 wanakijua kile kisanduku cha bati kilichofungwa ndani ya boneti, mbali na alteneta. Ndiyo iliyokuwa reguleta. Ndani yake pointi ziligusana na kuachana upesi mno, zikipima umeme unaoingia kwenye rota ili betri ipate volti 14 hivi, injini iende mbio au polepole. Pointi zikiungua, fundi alifungua kifuniko, akazisugua kwa msasa laini, gari likaondoka. Baadaye transista zilichukua nafasi ya pointi, na reguleta ikahamia ndani ya alteneta, jirani na brashi. Waya zikapungua, kazi ya kiwandani ikawa nyepesi, lakini kifaa kisichopenda joto kikawekwa penye joto kali.

Kwa magari ya sehemu za milima kama Nyakiriba, yanayopanda kwa gia nzito huku taa na waipa vikifanya kazi, naona mafundi wanaoirudisha reguleta nje wana hoja nzito. Mara nyingi inayokufa ni reguleta peke yake. Rota, koili na daiodi bado ni nzima. Kwa nini kununua alteneta nyingine? Hutolewa waya mbili kutoka kwenye brashi: mmoja huenda kwenye swichi kupitia fyuzi, wa pili kwenye reguleta inayodhibiti upande wa hasi. Ikiwa reguleta ni ya upande wa chanya, brashi ya pili hufungwa kwenye bodi. Ukichanganya mifumo hii miwili, alteneta haichaji. Tena katika ule mfumo wa kwanza, waya wa reguleta ukichubuka na kugusa bodi, rota hupata umeme wote bila kizuizi, volti hupita 16, na maji ya betri huchemka.

Wapo wanaosema waya za nje hulegea kwa mitikisiko na kushika kutu kwa mvua. Ni kweli, na hatari yake si ndogo: reguleta isiyoshika hasi vizuri husoma volti pungufu, ikazidisha chaji. Ndiyo maana haitoshi kuikaza kwenye bati lenye rangi. Ivutiwe waya wake wa hasi hadi kwenye bodi ya alteneta. Magari mapya ambayo kompyuta ndiyo huiamuru alteneta, hayo nakubali yasiguswe. Mengine yapimwe kwenye vichwa vya betri, taa zikiwaka: 13.8 hadi 14.4, au 28 hivi kwa lori la volti 24.