Bibi wa Kundi

Mpunga ulipoanza kuinama, bonde la Kilombero lilihamia mashambani. Kila familia ilikuwa na dungu lake, jukwaa la magogo lililoezekwa nyasi, na chini yake moto usiozimwa. Sisi watoto tulipewa madebe na kazi ya kupiga kelele. Tembo walivuka bonde wakitoka pori la akiba la Selous kwenda milima ya Udzungwa na kurudi, na mashamba yetu yalikuwa katikati ya njia yao. Sisi tuliona wao ndio waliotuingilia.

Usiku tulijua wamefika kwa mngurumo mzito uliotoka kwenye matete. Wazee walisema ni matumbo yao yanachemka kwa njaa. Tuliamini, na hata wawindaji wa Kizungu walisema hivyo hivyo. Mwaka 1984 Katy Payne, Mmarekani aliyezoea kusikiliza nyangumi, alisimama karibu na tembo katika bustani ya wanyama ya Portland, akahisi hewa inatetemeka na sikio halisikii kitu. Vinasa sauti vilithibitisha alichohisi: wale wanyama walikuwa wanaongea kwa sauti nzito ambayo sikio la binadamu haliifikii. Sauti hiyo hutoka kooni, husafiri kilomita kadhaa, na mtetemo wake hupita ardhini ukapokelewa kwa nyayo. Basi sisi juu ya madungu tulisikia kipande tu cha mazungumzo. Huenda bibi alikuwa anawaambia wenzake wangoje kidogo, hawa watoto watachoka.

Nasema bibi kwa kuwa kundi la tembo ni la kina mama: bibi mmoja, wadogo zake, binti zake na watoto wao. Madume huondoka wakibalehe, kwenye umri wa miaka 12 hadi 15 hivi, wakaenda kuishi kivyao au na madume wakubwa.

Mambo yalipozidi, aliitwa bwana nyama. Alikuja na bunduki yake, akalala kijijini, na kesho yake kila nyumba ilinukia kitoweo. Aliyeangushwa mara nyingi alikuwa yule mkubwa aliyetangulia. Hakuna aliyeuliza kwa nini alitangulia yeye. Tulikuwa tumeshika visu na mabeseni.

Hata hivyo risasi za bwana nyama zilikuwa za kuhesabika. Waliofyeka ni majangili. Hesabu ya mwaka 1976 ilipata tembo zaidi ya 100,000 katika Selous na maeneo yanayoizunguka. Ya mwaka 2013 ilipata kama 13,000. Katikati ilipita Operesheni Uhai, msako wa majangili wa 1989, na mwaka huo huo mataifa yakapiga marufuku biashara ya pembe, tukashusha pumzi. Baadaye majangili wakarudi. Jangili hafyatui ovyo. Pembe ya tembo haiachi kukua mpaka afe, kwa hiyo mwenye pembe ndefu ni mzee. Walianza na madume wazee. Hao walipoadimika, wakawageukia mabibi.

Tulichopoteza hapo hakionekani kwenye hesabu ya kutoka angani. Mwaka 1993 ukame mkali uliikumba hifadhi ya Tarangire, na katika makundi yaliyokuwa yakifuatiliwa, ndama 16 kati ya 81 walikufa ndani ya miezi tisa. Makundi mawili yalitoka hifadhini kutafuta maji na malisho kwingine. Moja liliongozwa na bibi wa miaka 45, la pili na wa miaka 38. Kundi la tatu, ambalo kiongozi wake alikuwa na miaka 33, lilibaki, nalo ndilo lililozika wengi. Ukame mwingine wa namna hiyo ulikuwa wa 1958 hadi 1961. Wale wawili wakubwa walikuwa wameupitia wakiwa wadogo, wakimfuata mama aliyejua pa kwenda. Wa tatu alizaliwa baada ya mambo kupoa au alikuwa mchanga mno, angejulia wapi?

Mikumi, jirani zetu, watafiti waliokota mavi ya tembo wakapima homoni. Majike waliokuwa kwenye makundi yasiyo na bibi mzee wala ndugu wa karibu walikuwa na dalili za msongo mkubwa, na walizaa kwa uchache, miaka mingi baada ya bunduki kunyamaza. Kwa madume ni balaa la namna nyingine. Huko Pilanesberg, Afrika Kusini, vijana yatima waliokua bila wakubwa waliingia mapema mno katika ule wakati wa ukali, tezi zinapochuruzika mashavuni na damu kuchemka, wakawa wanaua faru. Waliletwa madume sita wakubwa. Vijana wakatulia.

Siku hizi ukifika Mang'ula, bondeni kwetu, utakuta mizinga ya nyuki imetundikwa kuzunguka mashamba, kwani tembo anamwogopa nyuki, hasa akiingia mkongani au akimuuma pembeni mwa jicho. Ni bora kuliko debe, na asali inauzika. Njia ya zamani ya tembo ilizibwa na mpunga, miwa na nyumba, na sisi ndio tuliolima. Sasa baadhi ya wanavijiji wamekubali kuachia ardhi ili njia hiyo ifunguliwe upya, na chini ya barabara ya lami pamejengwa kivuko cha tembo. Ningependa marehemu baba angekiona, angecheka mpaka akae chini.

Mimba ya tembo ni miezi 22, na jike akizaa hupumzika miaka minne au mitano. Ndama wa kike aliyezaliwa 2014, ujangili ulipokuwa bado mkali, atafikia umri wa yule bibi wa Tarangire mwaka 2059. Kivuko kitakuwa kinamngoja, kama barabara haitakuwa imepanuliwa.