Pointi 79 na pipa la maji

Mei 2018 Jordan McNair, mchezaji wa miaka 19 wa timu ya mpira wa Kimarekani ya Chuo Kikuu cha Maryland, aliishiwa nguvu kwenye mazoezi ya kukimbia. Joto la mwili lilipanda kupita kiasi, na baada ya wiki mbili akafariki. Hakuzamishwa kwenye maji ya barafu, tiba ambayo ikifanyika ndani ya nusu saa huokoa karibu kila mgonjwa. Chuo kilikubali kuwajibika, na kocha akafukuzwa.

Msimu wa 2019 akaja kocha mkuu mpya, Michael Locksley, ambaye naye alikuwa amezika mwanawe aliyepigwa risasi mwaka 2017. Mechi ya kwanza wakawafunga Howard 79-0. Jezi ya Jordan ilikuwa namba 79. Baada ya hapo (wapenzi wa michezo mnajua ilivyo) mambo yakaharibika: msimu mzima ukaisha na ushindi 3, vipigo 9.

Mimi ninayeandika habari za afya sihesabu mabao kwanza. Mpwa wangu hufanya mazoezi saa nane mchana, jua la Dar likiwa kali. Dada yangu alimuuliza kocha maji ya dharura yako wapi. Kocha akacheka: "Mama, hapa ni joto kila siku, wamezoea."

"Ndiyo maana nauliza," akajibu.

Sasa kuna pipa limejaa, karibu na goli. Mtoto akianza kuyumba au kuongea ovyo, mpoozeni kwanza. Gari la hospitali lifuate.