Mawe ya Kidatu na Taa ya Nyakato

Sisi wenyeji wa Mwanza tumezaliwa katikati ya mawe. Hapa Nyakato ninakokaa, mtoto hujifunza kutambaa juu ya jabali, na nyumba nyingi za vilimani huegemea miamba kama mjukuu aegemeavyo goti la babu yake. Hata hivyo, ilinichukua miaka mingi kutambua kwamba taa iliyoniangazia nilipokuwa nikitunga mashairi yangu ilitegemea mawe mengine, yaliyo mbali sana na haya. Nataka kuwasimulia walimu na vijana wetu habari ya taa hiyo, maana ndani yake limo kosa langu mwenyewe.

Hapo zamani umeme wa Mwanza ulitoka katika mashine za dizeli za hapa hapa mjini. Baadaye ikavutwa njia kuu kutoka Iringa, ikapita Dodoma, Singida na Shinyanga hadi kwetu. Tangu hapo taa ya Nyakato ikawa mtoto wa mto Ruaha Mkuu. Mto huo hukusanya maji yake katika bonde la Usangu, hupita katika ardhi oevu ya Ihefu, hutuama Mtera katika bwawa lililokamilika mwaka 1980, kisha huteremka hadi Kidatu, penye milima ya Udzungwa. Hapo Kidatu pana tuta la mawe na udongo lenye kimo cha mita 40. Maji yaliyozuiwa na tuta hilo hupita katika handaki lililotobolewa ndani ya mlima kwa zaidi ya kilomita 9, yakaangukia mitambo minne iliyowekwa chini ya ardhi. Miwili ilianza kazi mwaka 1975, mingine miwili ikaongezwa mwaka 1980, na nguvu ya yote ni megawati 204. Ajabu ni kwamba maji ya ziwa letu, lililo kubwa kuliko yote katika Afrika, yalikwisha kuzungusha mitambo huko Jinja, Uganda, tangu mwaka 1954. Nasi wa kando ya ziwa tukaangaziwa na mto wa mbali.

Mwaka 2006 mvua ziliadimika, maji ya Mtera yakashuka mno, na umeme ukawa wa mgawo nchi nzima. Nikatafuta wa kulaumu. Wengi walisema kwamba wafugaji waliohamia Usangu ndio walioukausha mto. Bila kuuliza, nikatunga shairi nililowaita humo wezi wa maji. Likapendwa, na watoto wa mtaani wakalikariri. Wahenga walisema kweli: mwamba ngoma, ngozi huivutia kwake.

Mwaka huo huo wafugaji wakaamriwa kuondoka Ihefu. Jioni moja akabisha hodi mjomba wangu, kaka wa mama yangu. Yeye alikuwa ameondoka Magu na ng'ombe wake katika miaka ya 1980, baada ya malambo na malisho ya kwetu kutomtosha, akaenda kuanza maisha Usangu. Nikamwamkia, nikampa kiti. Umeme haukuwapo, tukawasha kibatari. Binti yangu, akitaka kumfurahisha babu, akasimama na kulighani shairi la baba yake tangu mwanzo hadi mwisho.

Mzee alisikiliza kimya. Kisha akaniuliza, "Mjomba, maneno haya ni yako?"

Nikajibu, "Ni yangu, mjomba."

"Na ule mto ulikuwa unafika huku?"

"Unafika kwa waya."

Akakitazama kibatari kwa muda, akasema, "Basi sikujua kuwa ng'ombe wangu walikuwa wanakunywa taa yako. Ungenitumia salamu."

Sikuwa na la kujibu. Wala hakujitetea. Alikiri kwamba ng'ombe walikuwa wengi kupita kiasi. Lakini akanieleza pia juu ya mifereji ya mashamba ya mpunga, iliyochota maji hata wakati wa kiangazi. Baadaye nilisoma maandishi ya wataalamu, nikaona kwamba mifereji hiyo ilikuwa sehemu kubwa ya jambo lenyewe, na kwamba mto ulikwisha kuanza kukatika kila kiangazi tangu mwaka 1993. Wali niliokula mezani kwangu nao ulikuwa umekunywa taa yangu.

Miaka kadhaa baadaye safari ya kikazi ilinifikisha Kidatu. Nilisimama nikalitazama lile tuta kwa muda mrefu. Tuta la namna hiyo halishikiliwi na saruji. Katikati huwekwa kiini cha udongo ulioshindiliwa, usiopitisha maji. Ubavuni mwake hupangwa changarawe na kokoto, ili maji yanayopenya yasiuchukue udongo. Na nje hurundikwa mawe makubwa, ambayo kwa uzito wake huzuia yote yasisukumwe. Udongo peke yake ungemomonyoka, na mawe peke yake yangevuja. Hapo nikamkumbuka mjomba, ambaye wakati huo alikuwa amekwisha kufariki, nikaona haya.

Leo maji yatokayo Kidatu huendelea na safari, yakaingia katika mto Rufiji na kufika kwenye bwawa la Julius Nyerere, ambalo mtambo wake wa kwanza uliwashwa mwaka 2024. Taa zimeongezeka, na pamoja nazo wameongezeka watu tunaonywa nao maji mamoja bila kujuana. Kwa hiyo nawaomba walimu, mnapowafundisha vijana jinsi umeme unavyozalishwa, msianzie kwenye mtambo. Anzieni kwenye chemchemi, mkateremke na mto, mkimtaja kila anayekunywa njiani: mkulima, mfugaji, mnyama wa porini, hata huyu anayesoma usiku Nyakato. Utamaduni wetu ulitufunza kubisha hodi kabla ya kuingia katika nyumba ya mtu. Na utufunze pia kuuliza kabla ya kulaumu.

Shairi lile la kwanza nililichana. Badala yake nimebaki na ubeti mmoja, ambao binti yangu, sasa mtu mzima, amewafundisha wanawe:

Mawe yamepangwa mawe, hayakufungwa kwa kamba,
Udongo kati utiwe, maji yasipenye mwamba,
Aliye juu ajuwe, wa chini naye aomba,
Na taa yangu isiwe, ya kumvunjia nyumba.