Kimombo cha Kanda Kilivyoniumbua

Mwaka 1996 nilikuwa na kanda mbili za kujifunza Kimombo na redio kaseti ya kuazima. Kila usiku, chumbani kwangu Magomeni, najilaza chali, Mwingereza anatiririka, mimi natikisa kichwa. Washikaji wakinitania nawaambia subirini, mtaniita bosi.

Siku ya siku nikaitwa intavyuu, kazi ya mapokezi kwenye hoteli moja ya mjini. Suruali imenyooka, kiatu kinang'aa. Mama mmoja akaniuliza kwa Kiingereza nani kanielekeza pale. Rahisi! Ni shangazi, alikuwa anafua mashuka hapohapo. Nikajibu kwa kujiamini: "My aunt. He works here."

"He?" akauliza yule mama.

Jasho likanitoka. Nikajirekebisha: "Sorry, he is my aunt!"

Wakacheka mpaka mlinzi akachungulia. Kwetu yeye ni yeye tu, awe baba au mama. Kanda ilishanifundisha tofauti ya "he" na "she" mara mia, ila kinywa changu kilikuwa hakijawahi kuitamka hata mara moja. Kazi nikaikosa.

Kilichoniuma zaidi ni shangazi, maana ndiye aliyeniombea nafasi ile. Alininunia wiki nzima, halafu akaniuliza: "Baba, hivi ile kanda ni shule au ni ya kukubembelezea usingizi?"

Nikaacha kulala nayo. Nasikiliza sentensi moja, nabonyeza stopu, naitamka kwa sauti, majirani wacheke wasicheke. Kisha nikatafuta kanda tupu, nikajirekodi. Mama yangu! Kumbe kwangu "ship" na "sheep", meli na kondoo, ni kitu kimoja. Kiswahili kina irabu tano tu, Kiingereza kina sauti nyingi zaidi, na bila kujisikia mwenyewe hujui unapochemsha. Ile "th" ya "think" wala si ngeni, ni ya "thamani". Tatizo wengine hata hiyo tunaiita "samani", tunauza makochi!

Mwaka uliofuata nikapata mapokezi hoteli nyingine. Shangazi alikuwa wa kwanza kuambiwa.

Leo masomo yamejaa kwenye simu, na simu hiyohiyo inarekodi. Lakini vijana wanatia vidude masikioni, wanatikisa vichwa kama mimi. Ndugu yangu, sikio halijibu intavyuu. Fungua mdomo!