Antivirus Ilipofika Kariakoo

Mixtape ya Antivirus ilitoka mwaka 2011. Walioitoa walijiita Vinega. Kinara wao alikuwa Sugu, Joseph Mbilinyi, aliyekuwa amechaguliwa mwaka 2010 kuwa mbunge wa Mbeya Mjini kwa tiketi ya CHADEMA. Mkoloni wa Wagosi wa Kaya naye alikuwamo. Waliolengwa ni Clouds FM na mmoja wa vigogo wake, Ruge Mutahaba. Vinega walidai kituo kile ndicho kinachoamua msanii gani asikike na gani azimike, na kwamba wasanii wananyonywa. Hawakuchagua maneno.

Mimi nilikuwa na kibanda cha kuingiza nyimbo kwenye simu na flashi, Kariakoo, hatua chache kutoka viwanja vya Mnazi Mmoja. Wateja walikuja wanainama, wanauliza kwa sauti ya chini: "Ile ya Sugu unayo?" Nikashangaa. TANU ilizaliwa hapa jirani mwaka 1954, katika mtaa ambao leo unaitwa Lumumba. Maneno makali si mageni huku. Sasa tunanong'ona kwa sababu ya redio?

Kaka yangu alikuwa anachana. Alirekodi wimbo kwa hela ya mchezo wa mama, akaupeleka kwenye kituo kimoja cha redio, akaambiwa asubiri. Mchana mmoja alinikuta nimeiweka Antivirus kwenye spika.

"Dogo, zima hiyo."

"Kwani kaka, si unayasemaga haya haya nyumbani?"

"Nyumbani siyo Kariakoo. Hapa wanapita watu wa kila aina. Wimbo wangu uko mezani kwa watu."

Nikazima. Hakuna aliyekuwa amemtishia. Hata kituo chenyewe hakikuwa kile kilichoimbwa. Hapo ndipo nilipoielewa ile mixtape kuliko mashairi yake yalivyonieleza: mtu anayesubiri kupigwa redioni hujifunga mdomo mwenyewe.

Mama yeye hakuipenda. "Mwenye haki anatukana ya nini?" aliuliza. Kaka akamjibu kwamba kwa upole hakuna anayesikiliza. Mpaka leo sijui nimpe nani ushindi. Matusi yaliifanya isambae mkono kwa mkono, na matusi hayo hayo yaliwapa wengi kisingizio cha kutojadili kilichodaiwa.

Baadaye Sugu na Ruge walipatana hadharani. Ruge alifariki Februari 2019, na waliomlilia ni pamoja na wasanii waliolelewa THT, nyumba ya vipaji aliyoiasisi, iliyowatoa kina Barnaba, Mwasiti na Linah. Machozi yao yalikuwa ya kweli. Malalamiko ya Vinega nayo hayakuwa ya kutungwa tu. Nilimwona kaka akisubiri. Mtu mmoja anaweza kuwa mlango kwa huyu na ukuta kwa yule.

Wimbo wa kaka haukuwahi kupigwa. Mama alimaliza kuulipia mchezo, raundi baada ya raundi.

Siku hizi kaka anapandisha nyimbo YouTube usiku, bila kumwomba mtu. Asubuhi anakuta watu 40 wamesikiliza. Anashusha simu, anatafuta wa kumlaumu, hamwoni.