Kalamu na Uwanja

Ipo heshima ambayo ulimwengu huwapa watawala bila kuombwa, nayo ni heshima ya kuandikiwa maisha yao. Mtawala hufa akaacha waandishi nyuma yake. Mchezaji hufa akaacha mabao yake yamehesabiwa katika gazeti lililokwisha kufungiwa maandazi. Si kwamba watu hawampendi mchezaji. Ni wachache wanaoshangiliwa na maelfu kwa alasiri moja kama yeye. Lakini mapenzi hayo ni ya kinywa, na maneno ya kinywa hayawekwi kabatini.

Mwingereza mmoja aliipinga desturi hiyo kwa umri wake wote. Jina lake lilikuwa Brian Glanville, mzaliwa wa London mwaka 1931, aliyefariki dunia mwaka 2025 akiwa na miaka 93. Kabla hajatimiza miaka ishirini alimwandikia Cliff Bastin kitabu cha maisha yake, kikatolewa mwaka 1950. Bastin alikuwa mshambuliaji wa upande wa kushoto wa Arsenal, naye aliifungia klabu hiyo mabao 178, hesabu ambayo haikupitwa hadi mwaka 1997. Msemaji katika kitabu kile alikuwa Bastin, lakini mkono ulioshika kalamu ulikuwa wa kijana yule. Kazi ya namna hiyo yataka uaminifu mkubwa, maana mwandishi huazima sauti ya mtu aliye hai, na hana budi kuirudisha bila kuitia doa.

Glanville hakukomea hapo. Mwaka 1963 alitoa riwaya iitwayo The Rise of Gerry Logan, habari za mchezaji wa mpira ambaye hakupata kuzaliwa. Mwaka 1969 ikafuata The Olympian, riwaya ya mkimbiaji wa maili moja na mwalimu wake wa mazoezi. Na mwaka 1971 akawaandikia vijana kitabu cha mlinda mlango, Goalkeepers Are Different. Wakati huo huo alikuwa mwandishi wa michezo katika gazeti la Sunday Times, na katika miaka ya 1970 alishiriki kufichua majaribio ya kuwahonga waamuzi katika mashindano ya klabu za Ulaya.

Huenda msomaji akauliza kwa nini mtu mmoja ahitaji njia zote hizo kuyasema mambo ya mchezo mmoja. Jibu ni kwamba kila njia ina mlango wake uliofungwa. Habari ya gazeti husema nani alifunga na dakika ya ngapi, ikanyamaza. Wasifu huingia nyumbani kwa mchezaji, lakini hufungwa mikono na ukweli pamoja na adabu: haudhubutu kusema lisilojulikana, na mara nyingi haudhubutu kusema linalojulikana, kwa kuwa mwenyewe yu hai na wanawe wasoma. Riwaya ina uhuru wa kuingia penye kiburi, woga, rushwa na goti lililovunjika, kwa sababu aliyevunjika goti hana jina katika daftari la kijiji chochote. Mwandishi aliyezijua njia hizo zote huyaona maisha ya mchezaji kwa ukamilifu, wala hachanganyi mlango huu na ule. Mwandishi wa riwaya aingiapo katika wasifu huacha kubuni mlangoni kama mtu aachavyo viatu. Akiingia navyo, huchafua nyumba ya watu.

Wako wanaosema kwamba michezo ni jambo dogo, na kwamba kalamu nzuri hupotezwa kwa watu wanaokimbilia mpira. Hoja hii imekwisha kujibiwa katika Kiswahili chenyewe. Shaaban Robert, aliyeandika Kusadikika, hakuona haya kuandika wasifu wa Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja. Siti hakuwa malkia wala mke wa sultani. Alikuwa mtoto wa wafinyanzi, na kazi yake ilikuwa kuwafurahisha watu, hata akasafiri kwenda Bombay mwaka 1928 kuimba katika santuri. Wasifu huo uliotoka mwaka 1958 umekuwa miongoni mwa nguzo za nathari ya Kiswahili. Basi mfano upo: mwandishi mkubwa wa riwaya alimwandikia maisha mtu ambaye utukufu wake ulitokana na makofi ya watazamaji. Kilichobaki ni kuuvusha mfano huo kutoka ukumbi wa ngoma hadi uwanja wa michezo.

Mkoa wa Mara wafaa kulipimia neno hili, kwa sababu mambo matatu hupatikana humo kwa mwendo usio mrefu: maisha yaliyoandikwa sana, njia ya kwendea kwa waandishi, na mchezo ambao bado wangoja kuandikwa.

Maisha yaliyoandikwa sana yako Butiama. Hapo alizaliwa Julius Nyerere mwaka 1922, na hapo alizikwa mwaka 1999. Ipo makumbusho ya jina lake, na mwaka 2020 ulitoka wasifu wake wa juzuu tatu. Safari yake tangu alipoingia shule ya Mwisenge, Musoma, mwaka 1934 imefuatwa hatua kwa hatua. Hata bao alilopenda kucheza halikusahauliwa, na ni haki lisisahauliwe, kwani mtu hujulikana kwa namna anavyoshinda na anavyoshindwa mchezoni. Lakini bao la Mwalimu lilikumbukwa kwa kuwa alikuwa Mwalimu. Wazee wengine waliokaa upande wa pili wa bao, na huenda waliomshinda, mchezo wao ulikwisha kete zilipokusanywa.

Njia ya waandishi hupitia Bunda. Atokaye Musoma kwenda Mwanza hupita mji huo, na humo hugawanyika barabara ya Kisorya, pwani ya ziwa, ambako watu huvuka kwenda Ukerewe. Kisiwa hicho kidogo kimewapa Waafrika Euphrase Kezilahabi, mwandishi wa Rosa Mistika, na kabla yake Aniceti Kitereza. Kitereza alimaliza kuandika kwa Kikerewe, mwaka 1945, riwaya ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka, mume na mke waliotaka mtoto. Hamna mfalme mkuu wa habari katika kitabu hicho. Mna kilimo, uvuvi, ugonjwa, ukwe na pombe ya wageni. Kitereza aliamini kwamba maisha ya watu wa kawaida yastahili kitabu kinene. Lakini tafsiri yake ya Kiswahili haikuchapwa hadi mwaka 1980, na mwaka uliofuata mwandishi akafariki. Humo mna fundisho la pili, nalo ni chungu: kitabu chaweza kungoja miaka thelathini na mitano, lakini mwanadamu hana ahadi ya kungoja.

Na mchezo uko Musoma. Timu ya Biashara United ya mji huo ilipanda Ligi Kuu mwaka 2018, ikiutumia uwanja wa Karume. Mwaka 2021 ilifika mashindano ya Shirikisho ya Afrika, ikaitoa Dikhil ya Djibouti, kisha ikaifunga Al Ahli Tripoli ya Libya mabao 2 kwa 0 katika mchezo wa kwanza. Mchezo wa marudiano haukuchezwa. Safari ya Libya haikuwezekana kwa wakati, na timu iliyokuwa mbele kwa mabao mawili ikatolewa bila kufungwa. Mwaka 2022 ikashuka daraja.

Hayo ndiyo yaliyomo katika kumbukumbu, nayo ni mistari michache. Kinachokosekana ni maisha. Mlinda mlango ambaye hakufungwa hata bao moja alilala vipi usiku ule alipojua kwamba hawataondoka? Nani aliyewapelekea habari nyumbani, naye alitumia maneno gani? Kijana aliyekwisha kumwambia mama yake kwamba atapanda ndege alirudi kwake na neno gani? Maswali haya hayajibiwi na jedwali la matokeo. Yajibiwa na mtu aliyezoea kusikiliza mazungumzo, kuyapima, na kujua penye kimya pana nini. Na mtu huyo ni mwandishi wa riwaya aliyekubali kuwa mkweli. Walioyaona hayo wako hai, na wengi wao ni vijana bado.

Tanzania haikukosa mashujaa wa uwanjani. Mwaka 1975, miaka sita baada ya Glanville kutoa riwaya yake ya mkimbiaji wa maili, Filbert Bayi aliikimbia maili hiyo kwa dakika 3 na sekunde 51, akavunja rekodi ya ulimwengu. Kitabu cha maisha yake kilitoka mwaka 2022, akishirikiana na mwandishi wa Marekani, nacho ni cha Kiingereza. Ni jambo la kushukuriwa kwamba kipo. Hata hivyo, mtoto wa Bunda anayekimbia kwenda shule kila asubuhi ana haki ya kusoma, kwa lugha anayoitumia kumshangilia mwenzake, jinsi mtu wa nchi yake alivyowaacha nyuma wakimbiaji wa dunia.

Kazi hii haihitaji fedha nyingi. Yahitaji daftari, nauli ya basi, na subira ya kukaa na mchezaji mstaafu mpaka amalize kusimulia mabao yake na kuanza kusimulia mambo mengine. Yahitaji pia ujasiri wa kutomsifu kupita kiasi, kwa kuwa sifa nyingi humzika mtu sawasawa na usahaulifu. Waandishi wamo nchini, na wachezaji wamo. Mara nyingine ni ng'ambo ya maji tu iliyo kati yao, na kivuko kipo.