NADUR, KIJIJI KINACHOLINDA ZAMU

Akina mama wengi tunaijua Malta kwa ajili ya Mtume Paulo. Ndiyo Melita ya Matendo ya Mitume sura ya 28, ambako merikebu ilivunjika na wenyeji wakawawashia moto watu waliolowa na kutetemeka kwa baridi. Kaskazini-magharibi yake, safari ya dakika 25 hivi kwa meli, kipo kisiwa kidogo cha Gozo, urefu wake kilometa 14 tu na upana 7. Upande wa mashariki wa Gozo, juu ya kilima, pamekaa kijiji cha Nadur.

Jina hilo ni la Kimalta, nalo maana yake ni kutazama, au kulinda zamu. Sisi tukisema "nadhari" tunatumia mzizi ule ule, maana Kimalta ni mtoto wa Kiarabu ingawa huandikwa kwa herufi za Kirumi. Mgeni kutoka kwetu akiingia dukani huko atacheka: sabuni ni sapun, mkasi ni imqass, asali ni għasel, na hata dunia ni dinja! Watu wenyewe ni Wakatoliki karibu wote, lakini katika sala humwita Mungu Alla, na Kwaresima huiita Randan.

Walikuwa wakilinda nini? Bahari. Mwezi wa Julai 1551 merikebu za Waturuki na maharamia zilifika Gozo. Watu walikimbilia ngome iliyo katikati ya kisiwa, nayo haikudumu siku nyingi. Walichukuliwa utumwani Libya watu wapatao 5,000, karibu wakazi wote, wazee kwa watoto. Husimuliwa habari za askari mmoja, Bernardo, aliyemuua mkewe na binti zake wawili ili wasitekwe, kisha akatoka kupigana mpaka akafa. Ndani ya ngome ipo njia yenye jina lake. Wanamwita shujaa. Mimi kila nikikumbuka habari hiyo huwafikiria wale watatu, kwa kuwa njia ilipewa jina la baba, si la mama wala la binti.

Kisiwa kilijaa watu tena polepole, lakini hofu haikuondoka. Mpaka mwaka 1637 sheria iliwataka watu wote wa Gozo walale ndani ya ngome. Hebu fikiri, mama mwenzangu: umeshinda shambani, jioni unamfunga mtoto mgongoni, unashika mwingine mkono, unapanda kwenda kulala kwenye msongamano, na alfajiri unateremka tena. Nyumba unayo, lakini usiku si yako.

Ndiyo maana kanisa la Nadur hunigusa. Sheria ile ilipokwisha, watu walianza kulala kwao. Mwaka 1688 Nadur ikafanywa parokia, na mwaka 1760 likawekwa jiwe la msingi la kanisa lililopo sasa, la Mitume Petro na Paulo. Limejengwa kwa mawe ya chokaa yenye rangi kama ya asali, na kuba lake huonekana kutoka mbali baharini, mahali pale pale ambapo zamani mtu asingethubutu kujionyesha. Ndani kuna marumaru za rangi nyingi na michoro darini. Kijiji chenyewe kina watu elfu nne na ushei tu. Mgeni anaweza kuuliza kwa nini watu wachache hivyo walijenga jengo kubwa namna hiyo. Nadhani aliyezaliwa na watu waliolala ngomeni asingeuliza.

Zamu haikuisha, ila kinacholindwa kilibadilika. Mwaka 1848 Waingereza walijenga mnara hapo wa kupelekea habari kwa ishara. Wake za wavuvi waliendelea kuitazama bahari. Kisha, baada ya vita vya 1939-1945, meli zilianza kuwachukua vijana wa Gozo kwenda Australia, Kanada na Marekani, safari hii kwa hiari yao, lakini mama anayebaki bandarini machozi yake ni yale yale. Hata leo, ukipita vijijini, utaona nyumba zilizojengwa na waliorudi, nyingine zimechorwa jani la Kanada au kangaruu ukutani.

Wengine hurudi kwa sikukuu tu. Tarehe 29 Juni ni siku ya Petro na Paulo, nao huiita Mnarja, neno lililotokana na taa. Kijiji chote huwaka taa. Huwa na mashindano ya farasi na punda, bendi, na fataki za kuziba masikio. Jioni sanamu ya Mitume hao wawili hutolewa kanisani mabegani mwa wanaume, polepole, kwa kuwa ni nzito. Bibi waliochoka miguu hukaa kwenye viti mlangoni mwa nyumba zao, wakiwatafuta wajukuu wao katika umati unaopita.